Mbwa wa mzee asitiwe kundi moja na mbwa koko

Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nizungumzie rai ya baadhi ya majirani zetu huku Kusini Unguja, kwamba mbwa wote watiliwe sumu ili tuepukane na kichaa cha mbwa. Hofu yao naielewa, kwani maradhi hayo yakishaonesha dalili kwa mtu ni nadra mno kupona. Lakini sumu haichagui, na wa kwanza kuila huenda akawa mbwa wa ami yangu.

Ami alikuwa msasi wa nguruwe mwitu, na sasa macho yake yamefifia. Kukicha mbwa wake humtangulia katika njia ya mawe iendayo kondeni, akisimama kila penye shimo mpaka fimbo ya mzee imguse ubavuni, ndipo huendelea. Ikiadhiniwa humsindikiza hadi barabarani na kumngojea ng'ambo ya pili, mbali na msikiti. Ndani ya nyumba haingii. Mlangoni pana ndoo ya maji na kopo la udongo, maana sisi ni Mashafii, Waislamu wa madhehebu ya Imamu Shafi, na ami akilambwa mkono huuosha mara saba, moja kwa udongo, bila ya kunung'unika. Wanaomsema kwa jambo la dini (na wengi wao muhogo wao umesalimika na nguruwe kwa sababu ya mbwa huyo) wanajua kwamba hadithi zimeruhusu mbwa wa kuwinda, wa mifugo na wa shamba.

Kinachozuia kichaa cha mbwa ni chanjo. Shirika la Afya Duniani linataka angalau asilimia 70 ya mbwa wachanjwe, na ndugu zetu wa Pemba walifanikiwa kwa njia hiyo, na ugonjwa uliporejea mwaka 2016 waliuondoa tena kwa chanjo. Ukiua mbwa aliyechanjwa, nafasi yake huchukuliwa na asiyechanjwa.

Taabu ya ami ni kuifikia hiyo chanjo: daladala hazipakii mbwa, na mzee wa umri wake hawezi kwenda maili kadhaa kwa miguu juani. Ninawaomba wahusika wa mifugo wapite shehia kwa shehia, masheha watangaze siku mapema, na kila mbwa aliyechanjwa avishwe ukanda wa rangi shingoni, ili hata mtoto amtambue na asimrushie mawe. Ami ameshaniambia kwamba gharama ya ukanda ataitoa mwenyewe.

Mkulima,
Makunduchi, Unguja