Ujamaa wa Kikristo haukuanza 1891, wala haukuanza Roma

Ndugu Mhariri,

Makala yenu ya Mei Mosi kuhusu makanisa na haki za wafanyakazi ilieleza kwamba ujamaa wa Kikristo ulizaliwa tarehe 15 Mei 1891, siku Papa Leo wa 13 alipotoa waraka wake wa Rerum Novarum. Tarehe ya waraka mmeipatia. Kilichobaki hakisimami, na sipendi kiachwe hivyo, maana kinafukia zaidi ya miaka arobaini ya majaribio, hasara na sheria ambazo mwanachama wa ushirika wa kahawa au wa chama cha wafanyakazi hapa kwetu bado anazigusa kila anapolipa ada yake.

Waraka ule hauupokei ujamaa, unaukataa kwa jina. Unatetea mali ya mtu binafsi, kisha unadai mfanyakazi alipwe ujira wa kumtosha kuishi na aruhusiwe kujiunga na wenzake katika chama. Hayo ni mafundisho ya jamii ya Kanisa Katoliki, na yana heshima yake. Lakini mwaka 1931 Papa Pius wa 11 alisema waziwazi kwamba mtu hawezi kuwa Mkatoliki mwema na mjamaa wa kweli kwa wakati mmoja. Haifai kuchanganya nyumba mbili kwa sababu tu zote zina msalaba mlangoni.

Kundi lililojiita la wajamaa wa Kikristo, likaanzisha hata gazeti la jina hilo mwezi Novemba 1850, lilikuwa la Waanglikana wa London. Lilikusanyika kuanzia tarehe 10 Aprili 1848, siku Wachartisti, yaani wafanyakazi waliodai haki ya kupiga kura, walipojaa uwanja wa Kennington huku serikali imepanga askari jiji zima. Damu haikumwagika. Siku zile zile watu watatu wakaungana: Frederick Denison Maurice, kasisi na profesa wa King's College, Charles Kingsley, kasisi wa kijijini, na John Malcolm Ludlow, mwanasheria aliyelelewa Paris na kuona kwa macho yake vyama vya mafundi wa Kifaransa. Vitabu humtaja zaidi Maurice kwa sababu ya teolojia yake, na Kingsley kwa sababu ya kalamu yake. Kwa maoni yangu mtu wa kumwangalia ni Ludlow.

Kilichowachoma kilikuwa biashara ya nguo za bei rahisi. Tenda ya sare za serikali ilichukuliwa na tajiri, naye akampa mtu wa kati, mtu wa kati akampa mwingine, na kila mkono ulikata chake kabla kazi haijamfikia mshonaji. Mshonaji alishonea chumbani alimolala na wanawe, uzi na mishumaa akinunua mwenyewe. Dawa waliyoiona ni kumwondoa mtu wa kati: mafundi wawe na karakana yao, wauze wenyewe, wagawane faida. Februari 1850 wakafungua karakana ya washona nguo Castle Street, karibu na Oxford Street, chini ya meneja Walter Cooper, Mchartisti. Zikafuata za washona viatu, waoka mikate, wapiga chapa, wajenzi, hata watengenezaji wa piano. Kwa jumla zilikuwa kama kumi na mbili.

Hapa ndipo makala kama yenu inapopaswa kukaa kidogo, kwa sababu kushindwa kwao kuliandikwa vizuri, na walioandika ni wao wenyewe. Ripoti ya kwanza ya jumuiya yao inaeleza habari za washona viatu bila kupamba. Katika miezi tisa ya mwanzo walianzisha vikundi vitatu vya viatu. Viwili walivipa mtaji wote. Cha tatu walikipa wote isipokuwa pauni 5. Wanachama hawakuchaguliwa, aliyebisha hodi alipokelewa. Wakapewa kujitawala kikamilifu, waanzilishi wakibakiza tu haki ya kuingilia ugomvi ukizuka wakati mkopo haujarudi. Kabla ya miezi sita kila kikundi kilikuwa kimegombana na meneja wake na kumfukuza. Kimoja kilisambaratika kabla ya miezi tisa. Viwili vilivyobaki vilijikongoja bila kujilipia gharama, ugomvi ukiwa ndio kazi yao ya kila siku.

Chanzo hakikuwa uvivu wa mafundi. Mtaji ulikuwa wa mtu mwingine, hivyo hasara haikumuuma mwanachama mfukoni, na faida aliihesabu kuwa haki yake ya leo. Meneja aliwajibika kwa mabwana wawili: mafundi waliomchagua, na waungwana waliokopesha. Akikataa kugawa fedha ambazo karakana haijazipata, mafundi wanamwona kibaraka. Akikubali, mkopo haurudi. Na mtu aliyezoea kulipwa kwa kila jozi anayomaliza hajawahi kupigia hesabu kodi ya pango, ngozi iliyokaa ghalani na mteja ambaye hajalipa. Hesabu hizo hazijifunzwi kwa kuhubiriwa.

Linganisha na watu ambao hawakuwa na mfadhili. Huko Rochdale, kaskazini mwa Uingereza, wanachama 28 walichangishana peni mbili mbili kwa wiki, baadaye tatu (peni 12 zilifanya shilingi, shilingi 20 pauni), hadi wakapata pauni 28. Tarehe 21 Desemba 1844 wakafungua duka la unga, siagi, sukari na shayiri. Hilo ndilo lililodumu.

Mtindo wa kuchanga kila wiki ulikuwa umezoeleka makanisani, hasa kwa Wamethodisti. Tangu 1742 waumini wao waligawiwa vikundi vidogo, watu kama kumi na wawili, na kiongozi wa kikundi alimpitia kila mmoja kwa juma akipokea peni moja. Mpango ulianza Bristol kwa ajili ya kulipa deni la jengo la ibada. Aliyekuwa kiongozi wa kikundi alijifunza kuandika majina, kutunza fedha za watu na kuzungumza mbele ya wenzake, na ustadi huo ulihamia katika vyama vya wachimba makaa na vibarua wa mashamba. Vibarua sita wa kijiji cha Tolpuddle waliohukumiwa miaka 7 ya uhamisho Australia mwaka 1834 walikuwa na katiba ya kiingilio cha shilingi 1 na ada ya peni 1 kwa wiki. Watano kati yao walikuwa Wamethodisti, na George Loveless aliyewaongoza alikuwa mhubiri. Kuunda chama hakukuwa kosa tena tangu 1824, kwa hiyo walitiwa hatiani kwa kula kiapo cha siri, kwa sheria ya 1797 iliyotungwa kwa sababu ya maasi ya mabaharia. Wao hawakujiita wajamaa. Walitaka tu ujira, uliokwisha shuka hadi shilingi 7 kwa wiki, usishushwe tena.

Basi akina Maurice walifaa nini? Walifaa pale walipoacha kutoa fedha na kuanza kutoa ujuzi wao wa sheria.

Kabla ya 1852 ushirika wa Uingereza haukuwa na mwili mbele ya mahakama. Ukijiandikisha kama chama cha kusaidiana, unaruhusiwa kuuziana wanachama kwa wanachama, basi. Ukifanya biashara na umma mnahesabiwa wabia wa kawaida: kila mmoja anadaiwa deni lote la wote, na mweka hazina akila fedha huwezi kumshtaki kama mwizi, kwa kuwa mbia hawezi kuiba kilicho chake. Ugomvi wa wabia ulipelekwa Mahakama ya Chancery, ambako gharama zilimeza fedha zenyewe. Ludlow na wenzake wawili wa kundi lile, Thomas Hughes na Edward Vansittart Neale, wote wanasheria, waliandaa hoja, wakaenda mbele ya kamati ya bunge ya mbunge Robert Slaney mwaka 1850, na Juni 1852 sheria ya vyama vya uzalishaji na akiba ikapita. Chama kingeweza sasa kumuuzia yeyote, kuwa na wadhamini wanaoshika mali kwa niaba yake, kushtaki na kushtakiwa kupitia wao, na kuwa na kanuni zilizothibitishwa na mrajisi, yaani afisa wa serikali anayeandikisha vyama. Kikwazo kimoja kilibaki: mwanachama bado alidaiwa bila kikomo. Hilo liliondolewa na sheria ya 1862, iliyoruhusu pia chama kimoja kununua hisa katika kingine. Mwaka uliofuata maduka ya ushirika yakaunda chama chao cha biashara ya jumla. Maduka ya Rochdale na wenzao yalinawiri chini ya sheria iliyopiganiwa na watu ambao karakana zao zenyewe zilikuwa zimekufa.

Kwa vyama vya wafanyakazi ilikuwa vivyo hivyo. Januari 1852 waajiri wa London na Lancashire walifunga viwanda vyao na kuwafungia nje mafundi mitambo, ambao chama chao cha kitaifa kilikuwa na umri wa mwaka mmoja tu. Mafundi walikataa saa za ziada za lazima na malipo kwa kila kifaa. Wajamaa wa Kikristo waliwatetea kwa mihadhara na barua magazetini, na Neale alinunua kiwanda cha chuma, Southwark, kiendeshwe kiushirika. Mgogoro uliisha Aprili kwa mafundi kulazimishwa kutia sahihi karatasi ya kukana chama. Wengi walisaini na hawakukihama, wakisema sahihi ya mtu mwenye njaa haimfungi. Kiwanda cha Southwark kilikufa kwa sababu zile zile za washona viatu, na Neale alipoteza sehemu kubwa ya mali yake. Chama cha mafundi, chenye ada ya kila wiki na matawi yenye vitabu vya hesabu, kilidumu.

Pigo lililofuata lilitoka mahakamani. Mwaka 1867, katika kesi ya Hornby dhidi ya Close, tawi la Bradford la chama cha watengeneza boila lilidai pauni 24 zilizozuiwa na mweka hazina wake. Majaji walisema chama kinachozuia biashara huria hakilindwi na sheria ya vyama vya kusaidiana. Kwa maneno mengine, fedha za mgomo na za mazishi za wafanyakazi wote wa nchi zilikuwa halali ya mwizi. Mwaka ule ule tume ya kifalme ilianza kuchunguza vyama, na Hughes alikuwa mjumbe wake. Yeye na Frederic Harrison, ambaye hakuwa Mkristo, ndio waliosukuma taarifa ya wajumbe wachache waliotofautiana na wenzao, na ndiyo iliyozaa sheria ya vyama vya wafanyakazi ya 1871: chama si haramu kwa sababu tu kinazuia biashara, na kikijiandikisha mali yake inalindwa. Ushindi haukuwa kamili. Siku ile ile bunge lilipitisha sheria nyingine ya kuwaadhibu wanaosimama langoni mwa kiwanda wakati wa mgomo, na ilichukua hadi 1875 kuifuta.

Mwaka huo wa 1875 Ludlow akawa mrajisi mkuu wa vyama vya kusaidiana, akakaa ofisini hadi 1891. Mtu aliyeanza na mabango ya 1848, mwaka wa mapinduzi Ulaya, alimaliza akikagua kanuni na hesabu za vyama vya maskini. Wapo wanaomhesabu kuwa aliyepoa. Mimi namhesabu kuwa aliyeelewa.

Tukifika 1889, makuli wa bandari ya London waligoma wakidai peni 6 kwa saa badala ya 5, na Kardinali Manning, akiwa na miaka 81, ndiye aliyewakutanisha na kampuni hadi wakazipata. Manning aliusaidia sana mwelekeo wa waraka wa 1891. Kwa hiyo Roma iliingia katika habari hii katikati, kupitia gati la London.

Na sisi? Wengi huruka kutoka Maurice hadi Azimio la Arusha kana kwamba kuna daraja. Mwalimu Nyerere alikuwa Mkatoliki na mjamaa, lakini mwaka 1962 aliujenga ujamaa juu ya familia ya Kiafrika, na hakuhitaji makasisi wa London. Kiungo cha kweli kiko kwenye makaratasi. Sheria ya ushirika ya India ya 1904 ilifuata sheria za Kiingereza za vyama vya kusaidiana, na sheria ya ushirika ya Tanganyika ya 1932 ikafuata mtindo wa India. Chini yake wakulima wa kahawa wa Kilimanjaro waliunda chama kikuu chao cha ushirika, KNCU, mwaka 1933. Mrajisi ambaye vyama vyetu vya msingi vinampelekea masharti na hesabu ni cheo kilichosafiri njia hiyo.

Kilipofika huku kilibadilika. Uingereza, chama cha wafanyakazi kilijiandikisha kikipenda, ili kulinda fedha zake. Mwaka 1930 waziri wa makoloni Lord Passfield aliyashauri makoloni kuhalalisha vyama lakini uandikishaji uwe wa lazima, na sheria ya vyama vya wafanyakazi ya Tanganyika, nayo ya 1932, ilikuja katika mkondo huo. Ngao ya fedha za chama ikageuka kamba mkononi mwa serikali: chama cha makuli wa Dar es Salaam kilivunjwa 1950 baada ya mgomo uliogeuka ghasia.

Naomba basi msahihishe mambo mawili katika toleo lijalo: mwaka, uwe 1848, na mahali, pawe London. Na mtakaporudi kwenye mada hii, mweleze uandikishaji ulivyotoka kuwa hiari Uingereza ukawa lazima kwetu, kwa kuwa viongozi wa matawi wanaosoma gazeti lenu hujaza fomu hizo kila mwaka.

Msomaji wenu,
Moshi