Barua kwa mwanangu: kuhusu ile sukari

Mwanangu,

Marahaba, shikamoo yako imefika. Nimeona bora niandike mana tukipigiana simu we ukianza kulia na mimi nalia afu bando linakata hatujaongea kitu. Naandika na kidole kimoja, miwani yenyewe ni ile ya kununua stendi, kwa hiyo ukiona herufi zimerukana nivumilie tu.

Ile vois ya Jumapili nimeisikiliza mara nne. Unasema hapo kazini kwako Rotterdam kuna bibi wa miaka 87, kila mkimletea chakula anachukua kipande cha mkate anakiviringisha kwenye tishu anakitia mkobani, na mkibadilisha mashuka mnakuta vingine vimekauka chini ya mto, mkadhani ni ule usahaulifu wa uzee, hadi mwanae alipokuja akawaambia mama alikuwa na miaka 6 wakati wa ile njaa ya Uholanzi ya 1944. Afu ukanyamaza. Ukasema, "Mama nilivyoona ile mikate nikakumbuka sabuni zako chini ya kitanda." Baada ya hapo ndo ukaleta habari ya sukari, ile uliyomwaga ukiwa mdogo nikakupiga.

Ya sabuni nilicheka. Ya sukari sikucheka.

Mi nilikuwa sijui wazungu nao walishalala njaa kiasi hicho, tena juzi juzi tu, watu bado wapo hai. Ulivyonielezea kwamba wafanyakazi wa reli waligoma Septemba ile, Wajerumani wakazuia chakula kisiende upande wa magharibi, afu baridi ikaja mifereji ikaganda maboti hayapiti, miji mikubwa kama hiyo Amsterdam na Rotterdam watu wanakula vitunguu vya maua ya tulip, na kwamba walikufa watu kama 20,000 kabla vita haijaisha Mei 1945, nilikaa kimya nikamfikiria huyo bibi wa mkate. Mtoto wa miaka 6 hajui Hitler ni nani. Anajua jana kulikuwa na mkate leo hamna, na mama hasemi kitu.

Hapo pa mama hasemi kitu ndo pangu.

Sasa sikiliza. Mi mwaka 1981 nina miaka 10, tunakaa Morogoro mjini. Jumuiya ya Afrika Mashariki imeshakufa tangu 1977, vita ya Amin imetoka kuisha, mafuta yamepanda bei, Mwalimu Nyerere kasema tufunge mikanda miezi 18, na ile miezi 18 mwanangu ilizaa mingine. Sabuni hamna, tunafulia majani ya mpapai, ukifua shati jeupe linakuwa na rangi ya mchuzi. Unga tunakula ule wa njano wa msaada toka Marekani, watu wakauita yanga kwa sababu ya rangi ya timu, hata mashabiki wa Simba walikula yanga wakanyamaza. Shuleni tunapewa bulga, ile ngano ya kupondwa. Na hapo hapo mkoani kwetu kuna viwanda viwili vya sukari, Kilombero na Mtibwa, ila sukari kuiona ni bahati. Kulikuwa pia na kiwanda kikubwa cha viatu kilichojengwa kwa mkopo wa Benki ya Dunia, viatu vilikusudiwa viende Ulaya, sisi tunaenda shule pekupeku. Mambo ya serikali hayo niyaache, nitapandisha presha bure.

Sukari ilikuwa inakuja kwenye duka la ushirika, taarifa zinatembea kwa kunong'ona, "kesho kuna mzigo", basi jioni watu wanaanza kupanga foleni. Na foleni yenyewe unaweka jiwe. Kila nyumba ina jiwe lake, lingine tofali, lingine kopo lililotobolewa, vimepangwa mstari mpaka barabarani, na kila jiwe linajulikana la nani. Bibi yako alikuwa na mtoto mchanga, kwa hiyo akanituma mimi nikalilinde jiwe letu usiku. Jiwe letu lilikuwa jeupe, tulilitoa mtoni, nilikuwa nalipenda sana. Nilikaa na watoto wenzangu tukicheza kombolela, tukacheka, tukaimba, ukweli ilikuwa raha, nisikudanganye kwamba nililia utoto wangu wote. Yule mama yako mkubwa wa Msamvu unayempenda si ndugu yetu wa damu, tulijuana hapo kwenye foleni.

Sa nilisinzia. Naamka alfajiri jiwe letu limesogezwa kule nyuma kabisa, limetupwa kando kama jiwe tu. Nimelia nimepanga upya nimesimama mpaka saa nne, watu watatu mbele yangu mzigo ukaisha. Nikarudi na kikapu kitupu.

Bibi yako hakunipiga. Alichukua kikapu, akakitazama ndani, akakitundika kwenye msumari wake, akaenda kukoroga uji. Siku mbili hatukusikia sauti yake. Mdogo wangu akaupata uji ule bila sukari akatema, mama akamfuta mdomo na kanga, hakusema neno. Mwanangu, ningependa anichape. Fimbo inauma inaisha. Ile sura aliyoitazamia kikapu mi ninayo mpaka leo, nikifungua kabati nikakuta kopo limeisha naiona pale ndani ya kopo.

Afu 1983 ikaja ile kamatakamata ya wahujumu uchumi ya waziri mkuu Sokoine. Wenye maduka walioficha vitu wakaanza kuvitupa usiku wasikutwe navyo, wengine porini, wengine mtoni. Kuna asubuhi tumeenda shule tukakuta mtu kamwaga sukari mtaroni, gunia zima, imeloa upande mmoja. Tulikusanya na mikono mwanangu. Tulichota na sketi. Nimelamba sukari ina mchanga, meno yanasaga kabisa, nikafika nyumbani na sketi imenata, bibi yako akacheka kwa mara ya kwanza mwezi ule. Akaiyeyusha kwenye maji akachuja na kitambaa tukanywea chai.

Kwa hiyo sasa twende mwaka 2000. We una miaka 6, tuko Kihonda, mimi nina kazi, baba yako ana kazi, dukani kwa Mpemba sukari imejaa tele unapima utakavyo. Umepanda kwenye stuli unataka kutengeneza juisi ya ukwaju, kopo la Kimbo limekuponyoka, sukari imetapakaa kwenye ile sakafu nyekundu. Kilo mbili hazikufika. Nimekuja na mwiko mkononi nilikuwa napika, na huo huo ndo nikakupigia. Mara tatu, nakumbuka, na we unakumbuka kwa sababu umesema mara tatu. Afu nikakulazimisha uokote. Chembe kwa chembe, sisimizi wameshaanza kuja, we unalia makamasi yanadondokea kwenye sukari, mimi nimesimama nasema "okota yote".

Nilikuwa sikuoni we. Sijui nilielezeje. Nilikuwa namwona mtu anamwaga kitu ambacho kesho hakipo, nikaingiwa na hofu, sasa mtu mzima akiogopa mbele ya mtoto anajifanya amekasirika. Sakafu ilikuwa safi nilikuwa nimeipiga deki asubuhi ile ile, we umeokota kwenye sakafu inayong'aa, mi niliokota mtaroni nikawa nacheka. Ajabu iko hapo. Mimi kuokota kwangu ni kumbukumbu nzuri, kwako ni kidonda, na vyote ni sukari ya chini.

Nisamehe mama. Sitaki kuweka "ila" hapo.

Hayo mengine ninayoandika si ya kujitetea, ni kwa sababu umeniuliza kwenye vois "hivi hii kitu inaanzia wapi". Nimewaza. Bibi yangu mimi, mama yake bibi yako, alikuwa Mgogo wa huko Dodoma, we hukumkuta. Alikuwa mtoto wa kama miaka minane kwenye ile njaa ya Mtunya, mwishoni mwa vita ya kwanza ya dunia na baada yake, 1917 mpaka 1920 hivi. Wajerumani walichukua ng'ombe na nafaka, wakaja Waingereza nao wakachukua, wanaume wakabebeshwa mizigo ya jeshi, afu mvua ikagoma. Watu walikwisha. Wengine waliweka watoto wao rehani kwa wenye chakula, na bibi yangu alikuwa mmoja wapo, alipelekwa akakae kwa watu kwa vikapu viwili vya mtama. Baadaye walimfuata, ila yeye tangu hapo hakuwahi kula mbele ya wageni. Akisikia hodi anafunika chungu. Alikuwa na vibuyu vya mlenda mkavu kila kona ya nyumba, hata alipozeeka akawa anakaa kwetu mjini, tulikuwa tunavikuta nyuma ya kitanda. Sisi watoto tulimcheka tukasema bibi mchoyo.

Unaona mtiririko? Mlenda nyuma ya kitanda, sabuni chini ya kitanda. Na huyo bibi wa Rotterdam mkate chini ya mto. Hawajuani, lugha moja hawana, ila kitanda ndo benki yao.

Halafu ukaniambia wataalamu wa huko walifuatilia hata wale waliokuwa tumboni mwa mama zao kipindi kile cha njaa, wamekuwa watu wazima wakaonekana kusumbuliwa zaidi na sukari ya damu. Nikashtuka, mana mama yako mdogo ana kisukari na mimba yake ilibebwa 1983. Sa ukiongea naye usimpelekee hiyo habari tafadhali, atapata pa kusingizia, yule chapati nne asubuhi ni kitu cha kawaida. Na tuseme ukweli, sisi hatukufa njaa kama hao wa Uholanzi au kama watu wa Mtunya. Tulikosa vitu. Kukosa na kufa njaa si sawa, sipendi mtu achanganye.

Na kingine kinachonifanya nisikubali sana haya maneno yenu ya kwamba utoto ndo unakutengeneza, ni mjomba wako. Mdogo wangu yule yule aliyetema uji. Foleni ile ile, nyumba ile ile, kikapu kile kile. Yeye kawa mtu asiyeweza kukaa na kitu. Akipata hela ananunua sukari kilo 25 anagawa mtaa mzima, nyumbani kwake wiki ijayo wanakopa robo. Mke wake keshalia mpaka kachoka. Nilimuuliza siku moja we una nini, akanijibu "Dada, vitu vilivyofichwa ndo vilitutesa, mi sifichi." Nikakosa la kumwambia. Maji yale yale yamelainisha kiazi yakafanya yai kuwa gumu, nani ni kiazi kati yetu sijajua.

Enzi zetu hatukuwa na neno la kusema hivi vitu. Mtu akiwa hivi tunasema bahili, akiwa vile tunasema ana mkono mwepesi, inaishia hapo. Nyie mna troma, mna nini sijui, na mnalipa mtu mkae kwenye kiti mumwelezee. Nilikuwa nacheka hayo. Sasa hivi sicheki sana, mana miaka 25 umekaa na mwiko wangu kifuani hujaniambia, na mi nimekaa na kikapu cha mama yangu sijamwambia mtu, hadi amekufa hatukuwahi kuongelea ile siku. Nilitamani nimuulize kama alikasirika au alikuwa anawaza atawalishaje. Nahisi alikuwa anawaza tu. Nahisi hata hakuniona.

Kuna kitu sikukuambia. Mwezi uliopita kwenye video, mjukuu wangu alivyopindua kile kibakuli cha sukari mezani, we uliinuka ukachukua kitambaa ukafagilia mkononi ukatupa kwenye sinki, ukamwambia "pole, njoo tuweke nyingine". Mimi huku mkono wangu ulikuwa umekaza simu mpaka vidole vimekufa ganzi. Nilijisemea huyu mtoto anatupa sukari. Afu nikamwona mjukuu usoni, hana hata wasiwasi, anachora chora na kidole kwenye ile iliyobaki mezani, anakulambisha na wewe. Nikasema mtandao unasumbua nikakata. Haukuwa unasumbua.

Umeniomba niache kuweka sabuni. Nimejaribu. Juzi nimezitoa zote uvunguni, miche 14, mingine imekauka imepasuka kama kisigino changu. Mjomba wako akapita hapo, nikamwambia chukua, akabeba sita akaenda kugawa kwa majirani huku anaimba, unamjua. Zimebaki nane. Nimezihesabu mara mbili.

Mwambie huyo bibi wa mkate kuna mama Morogoro anamsalimia, hata kama hataelewa. Na ile mikate usimnyang'anye mchana anakuona, subiri alale.

Mkwe wangu msalimie. Vaa soksi.

Mama yako,
Kihonda