Barua ya wazi kwa Waziri wa Barabara na Ushuru: tunaomba Njia ya Ukingoni ifungwe

Mheshimiwa Waziri,

Yah: Korongo la Wepesi na njia iliyofunguliwa kandokando yake

Mimi ni mwashi, mkazi wa kijiji kilicho jirani kabisa na Korongo la Wepesi. Nakuandikia hadharani kwa kuwa barua tulizopitisha kwa mzee wa kijiji hazijajibiwa, na huku tukisubiri majibu kibanda cha pili cha ushuru kimeshajengwa.

Kwanza nikiri kwamba najua kwa nini njia ile imependwa. Mpagazi anayepandisha gunia la chumvi kwa njia ya zamani ya mlimani hufika juu magoti yakimtetemeka. Akipita ukingoni, gunia hilohilo analibeba kama mto wa kulalia, kwa sababu Korongo limeshaunywa uzito wake. Jiwe la kusagia lililohitaji punda wanne linavutwa na mmoja, tena bila kupigwa. Mtu aliyechakaa mgongo kwa mizigo ya watu hawezi kulaumiwa kwa kuifuata njia inayompumzisha, nami simlaumu hata kidogo.

Lakini uzito ule haupotei, Mheshimiwa. Korongo huulimbikiza tangu asubuhi, na jua linapoinama huurudisha wote kwa mara moja. Wala haumrudii mwenye mzigo. Unakiangukia chochote kilichopo ukingoni saa hiyo. Mfanyabiashara aliyepitisha mawe yake alfajiri yuko mjini anahesabu faida, na uzito wa mawe yale unamshukia mchunga mbuzi ambaye hajawahi hata kumwona.

Nimeuona unyoya wa kuku ukitua juu ya meza ya kibanda cha ushuru, meza ya mbao ngumu niliyoifahamu vizuri, na meza ikakatika katikati. Unyoya uliendelea kushuka hadi ukazama ardhini. Kesho yake tuliuchimbua, na kijana mmoja akaupuliza ukaruka. Karani aliyekuwa ameketi pale alinusurika kwa kuwa aliegemea upande wa pili. Mtoto wa jirani yangu hakupata bahati hiyo. Alikuwa amepakata kikapu cha pamba, akimsubiri mama yake amalize kulipa ushuru. Sitaeleza zaidi ya hapo, maana mama yake atasomewa barua hii.

Nataka uliangalie hasa hilo neno la kusubiri. Apitaye asubuhi na kwenda zake hadhuriki. Wanaoumia ni wale waliokwama kwenye foleni, na foleni imeletwa na vibanda vyako, vilivyowekwa pale njia inapobanwa kati ya mwamba na shimo ili asiwepo wa kukwepa kulipa. Mizigo ikipekuliwa mmoja mmoja, watu wa mwisho wanafikiwa alasiri, saa ambayo zamani hata mbwa hakuachwa ukingoni.

Zamani palikuwa na walinzi wa timazi. Kila baada ya hatua 100 ilisimama nguzo, na kwenye nguzo ikaning'inia timazi, yaani kipande cha madini ya risasi kilichofungwa uzi, ileile tunayopimia kuta. Asubuhi uzi hulegea na risasi huelea. Saa ya hatari ikikaribia, uzi hukaza, kisha huacha kwenda wima na kuinama kuelekea shimoni. Mlinzi akiona mshazari huo hupuliza pembe, kila mtu hutua alichobeba na kukimbilia ng'ambo ya mawe meupe, ambako uzito haujawahi kufika. Muda uliopo unamtosha mtu mzima anayetembea kwa haraka. Mtoto na mgonjwa ni lazima wabebwe.

Walinzi hao uliwaondoa kwa sababu ya mishahara yao, na nguzo zikang'olewa ili mikokoteni ipate kupishana. Wakati huo wapitaji walikuwa wachache, na kinachonyweka kikiwa kidogo, kinachorudi nacho ni kidogo: chungu kinapasuka, tawi linakatika. Sasa misafara ni mingi, Korongo linakunywa kuliko lilivyowahi kunywa, na linarudisha mapema zaidi. Wanaokuambia kwamba hali ni ileile ya siku zote hawajakaa hapa.

Najua pia umeshauriwa kuzindika ukingo. Waganga waliitwa, zindiko likafanywa kwa heshima zote, na jioni yake paa la ghala la ushuru likabonyea hadi sakafuni. Siwadharau waganga. Nasema tu kwamba Korongo halina chuki na mtu wala haliombi kafara. Linarudisha lilichochukua, basi, na dawa yake ni watu kutokuwepo pale linaporudisha.

Kwa hiyo tunaomba vibanda vihamishiwe bondeni, nje ya mawe meupe, leo kabla ya kesho. Njia ya Ukingoni ifungwe kwa mizigo yote mpaka nguzo na walinzi warudi, na hata wakirudi isipitwe baada ya adhuhuri. Sehemu ya ushuru uliokwisha kukusanywa itumike kuitengeneza njia ya mlimani, hasa ile kona iliyoporomoka, kwa sababu ukifunga njia moja bila kutengeneza nyingine wapagazi watapita ukingoni usiku kwa kujificha, na gizani hakuna atakayeuona uzi ukiinama.

Waashi wa kijiji tumekubaliana kuzisimamisha nguzo upya bila malipo. Chokaa tumeshachoma na mawe tumeyachonga. Tulipojaribu kusimamisha nguzo ya kwanza, askari wako wa ushuru walituzuia kwa kuwa hatuna kibali. Tunakiomba kibali hicho kabla mvua hazijaanza, kwa sababu udongo wa ukingoni ukilowa hakuna nguzo itakayoshika.

Wako mtiifu,
Mwashi, kwa niaba ya wanakijiji wa ukingoni