Kwa mpwa wangu, kuhusu mikono ya mama yako

Mpwa wangu,

Juzi kwenye daladala nilikuona. Mama yako alikuuliza kitu kwa mikono, ukageukia dirishani kama hukumwona. Sikusema neno pale, watu walikuwa wengi. Nakuandikia hadharani, bila jina lako, kwa sababu wapo watoto wengine wa wazazi viziwi wenye jambo hilohilo moyoni.

Nataka nikusimulie habari za Lon Chaney, mwigizaji wa zama za filamu zisizo na sauti. Alizaliwa Colorado Springs, Marekani, tarehe 1 Aprili 1883. Baba yake alikuwa kinyozi, kiziwi. Mama yake kiziwi pia. Mtoto yule alianza kuongea kwa vidole na uso, kama wewe ulivyoanza. Nakumbuka ulivyoomba maji kwa mkono kabla hujajua kutamka neno. Kisha mama yake akashikwa na baridi yabisi, akawa wa kitandani. Lon, angali mdogo, akaacha shule amuuguze. Alikuwa akitoka mjini na kumwigizia yote aliyoyaona huko, maana mama hakuweza kusikia wala kwenda kujionea. Mimi naamini chumba kile ndicho kilichomfanya Chaney, kuliko jukwaa lolote alilopanda baadaye.

Alipoingia Hollywood, kazi yenyewe ilikuwa kusema bila sauti. Wenzake walijifunza ukubwani; yeye alikuja nayo kutoka nyumbani. Uso alijipamba mwenyewe kwa vifaa vya kisanduku chake, hata wakamwita mtu wa nyuso elfu moja. Mwaka 1920, katika The Penalty, aliigiza mtu aliyekatwa miguu: alikunja miguu yake, akaifunga kwa nyuma, akatembea kwa magoti juu ya viatu maalumu, kwa maumivu makali. Mwaka 1923 akawa Quasimodo, mpiga kengele wa kanisa la Notre Dame, kibiongo ambaye ni kiziwi. Mtoto wa viziwi akiigiza kiziwi! Watu waliingia sinema waogope, wakatoka wakimlilia. Katika Phantom of the Opera, mwaka 1925, ni uso kama fuvu, lakini mimi huangalia mikono. Itazame mikono yake, mpwa wangu.

Sauti ilipoingia kwenye filamu mwishoni mwa miaka ya 1920, maandishi ya katikati ya picha yakaondolewa, na viziwi waliokuwa wakikaa sinema sawa na watu wengine wakafungiwa nje. Hilo linaniuma mpaka leo. Chaney mwenyewe alitoa filamu moja tu ya sauti, mwaka 1930. Wiki chache baadaye, tarehe 26 Agosti, alikufa kwa saratani akiwa na miaka 47. Siku zake za mwisho koo lilikataa kabisa kutoa sauti, akarudia mikono. Walio kando ya kitanda chake aliongea nao kama alivyoongea na mama yake.

Jumamosi nakuja kwenu na kompyuta yangu. Tutaangalia ile ya mpiga kengele, sisi watatu, na sauti nitaizima. Maandishi ni ya Kiingereza, na mama yako hakijui. Utakaa mbele yake umtafsirie.

Mjomba wako.