RISALA YA KLABU YA MUZIKI KWA MGENI RASMI KUHUSU ISTILAHI ZA FILIMBI NA ALA ZA KUPULIZA

Mheshimiwa Mgeni Rasmi,
Mkuu wa Shule,
Walimu, wazazi na wanafunzi wenzetu,

Kwa niaba ya wanachama wa Klabu ya Muziki, tunakukaribisha kwa furaha na kukushukuru kwa kukubali kujumuika nasi. Umewasikia wenzetu wakipiga. Sasa tunaomba tukueleze kazi ambayo haikusikika jukwaani: kuzipa ala hizi na sehemu zake majina yanayoeleweka.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, filimbi ni jina la kipyenga cha refa, la kipande cha mwanzi chenye matundu, na la ala ndefu ya fedha ya okestra. Katika mazungumzo hilo halina taabu. Kwenye mazoezi ni tatizo, kwani mwalimu akisema "rekebisha mdomo wako kwenye filimbi", mwenye rekoda (filimbi inayopulizwa kwenye ncha) na mwenye filimbi ya ubavuni (ile ya okestra) wanatakiwa kufanya mambo mawili tofauti kabisa. Ndipo tukaamua kuzipanga ala kwa kufuata kinachozaa sauti.

Kundi la kwanza ni filimbi zenyewe. Humo hakitikisiki kitu ila hewa. Pumzi hutoka ikiwa nyembamba, hugonga ukingo wa tundu, huyumba ndani na nje mara mamia kwa sekunde, na hewa iliyomo kwenye bomba ikaitikia. Ukingo huo tumeuita makali. Katika rekoda, pumzi hufikishwa kwenye makali na mfereji uliochongwa ndani ya ala, ndiyo maana anayeanza hupata sauti mara moja. Katika filimbi ya ubavuni, kazi ya mfereji hufanywa na midomo ya mpigaji: ukiizungusha ala nje kidogo, noti inapanda, ukiizungusha ndani, inashuka. Nai, filimbi ya mwanzi ya Mashariki ya Kati, haina hata tundu la ubavuni. Mpigaji huiinamisha na kupuliza kwenye ukingo wa ncha yake.

Makali haya ni ya kale mno. Mwaka 2008, katika pango la Hohle Fels nchini Ujerumani, ilipatikana filimbi ya mfupa wa tumbusi yenye matundu matano ya vidole, ya zaidi ya miaka 35,000 iliyopita. Ncha yake moja imekatwa pengo la kupulizia.

Sehemu za filimbi ya ubavuni tumeziita kichwa, kiwiliwili na mguu. Kichwani mna bamba la mdomo, tundu la kupulizia na kizibo cha ndani, ambacho kikisogea kidogo tu oktava (noti za jina moja, ya juu na ya chini) hazipatani tena. Kwenye kiwiliwili kuna vifuniko vya matundu vyenye pedi laini za kuziba. Hapo tunamtaja Theobald Boehm, Mjerumani aliyeibadilisha ala hii mwaka 1832 na tena mwaka 1847. Kabla yake, matundu yalitobolewa pale vidole vinapofika. Yeye aliyatoboa pale noti inapoyahitaji, akayafanya makubwa, kisha akaunda vifuniko na vyuma vya kuvifikia. Pikolo ni ndugu yake mdogo, yenye urefu wa takriban nusu na sauti ya oktava moja juu.

Kundi la pili ni ala za ulimi, yaani kipande chembamba cha mwanzi kinachotetemeka kikipulizwa. Klarineti na saksafoni zina ulimi mmoja. Zumari, obo na basuni zina ndimi mbili zinazopigana. Mpiga obo huulowesha ulimi wa ala yake majini kabla ya kuanza, kwani ulimi mkavu hautetemeki vizuri. Saksafoni ni ya shaba, lakini ulimi wake ndio unaoiweka hapa.

La tatu ni ala ambazo midomo yenyewe hutetemeka: tarumbeta, tromboni, baragumu na siwa, ile pembe kubwa ya sherehe. Siwa hupulizwa ubavuni kama filimbi, na wengi wetu tuliiweka kundi la kwanza hadi tulipouliza ni kitu gani hasa kinachotetemeka.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, zipo changamoto. Filimbi za ubavuni ni chache, hivyo wanachama hupokezana, na pedi zake huharibika kwa unyevu wa pumzi hata tukifuta bomba kila baada ya zoezi. Pedi isiyoziba sawasawa huua noti zote zilizo chini yake. Pia istilahi zetu hazijapitiwa na wataalamu wa lugha na wa muziki.

Kwa hiyo tunaomba mambo mawili. Kwanza, utuunganishe na wataalamu hao waikosoe rasimu yetu ya istilahi bila kutuonea haya, kisha utusaidie kuichapa. Pili, utusaidie kupata fundi wa ala na pedi mpya. Tukilazimika kuchagua, tutaanza na pedi, maana zinahitajika wiki hii.

Nakala ya rasimu tunakukabidhi pamoja na risala hii.

Tunaomba kuwasilisha.