Taarifa ya Mwenyekiti kwa Mkutano Mkuu wa Mwaka, Januari hadi Desemba 2024

Ndugu wanachama wa chama chetu cha watu tuliougua kifua kikuu tukapona, ndugu wahudumu wa afya ngazi ya jamii, na ndugu wageni wetu kutoka Siha, Hai na Simanjiro, ninawashukuru kwa kufika. Kwa mujibu wa katiba yetu, ninawasilisha kwenu taarifa ya mwaka 2024. Hesabu za fedha atazisoma mhazini baada yangu, na orodha ya wanachama wapya iko kwa katibu, kwa hiyo nitajikita katika kazi moja ambayo kamati ya utendaji iliipa kipaumbele tangu Januari. Kazi hiyo ilikuwa kusoma miongozo ya kinga, utambuzi na tiba ya kifua kikuu, ile ya Shirika la Afya Duniani pamoja na ile ambayo Wizara ya Afya huitayarisha kwa kuzingatia hiyo, kuieleza kwa maneno ambayo mgonjwa na jamaa zake wanayaelewa, na kuangalia ni kipi kati ya yaliyoandikwa kinawafikia watu majumbani na ni kipi kinabaki kabatini.

Baadhi yenu mliuliza, tena kwa haki, kwa nini chama cha waliougua kijitwishe kazi ya wataalamu. Nitajibu kwa yaliyonikuta mwenyewe. Mwaka 2009, nikiwa mchorongaji, yaani mtoboa miamba, katika machimbo ya Mirerani, niliugua kifua kikuu kwa mara ya pili. Nikawekwa kwenye matibabu ya miezi 8, na kwa miezi 2 ya mwanzo nilichomwa sindano ya streptomisini kila siku, mpaka nikawa sina upande wa kukalia. Kwa kuwa hakuna aliyenieleza, niliamini kwamba sindano zile ni adhabu ya kuugua tena. Machi mwaka huu, tulipokuwa tunasoma pamoja, ndipo nilipojua kwamba mwaka 2017 Shirika la Afya Duniani lilielekeza utaratibu ule uachwe kabisa, na kwamba anayeugua tena anapaswa kwanza kupimwa kama vimelea vyake vina usugu dhidi ya rifampisini, moja ya dawa kuu za kifua kikuu, kisha apewe dawa kulingana na majibu. Mgonjwa mwenye haki ya kupimwa lazima aijue haki hiyo, la sivyo hataidai. Hiyo ndiyo sababu tulijitwisha kazi hii.

Kwa wenzetu waliougua kifua kikuu sugu, yaani kile kisichosikia dawa za kawaida, mabadiliko ni makubwa zaidi. Tiba ya ugonjwa huo ilianza kutolewa nchini mwaka 2009 katika Hospitali ya Kibong'oto, na wakati ule mgonjwa alitumia dawa kwa muda wa karibu miaka 2, pamoja na sindano kwa miezi mingi. Wapo humu ukumbini wanachama ambao tunawaandikia ujumbe kwenye karatasi, kwa sababu sindano zile ziliokoa maisha yao lakini zikawaondolea usikivu. Kuanzia mwaka 2018 Shirika la Afya Duniani lilielekeza kwamba dawa za kumeza zitangulizwe, na kanamisini, mojawapo ya sindano hizo, ikaondolewa. Mwaka 2022 likapendekeza mchanganyiko wa bedakwilini, pretomanidi, linezolidi na moksifloksasini, unaomezwa kwa miezi 6 na wagonjwa wenye umri wa miaka 14 na zaidi, isipokuwa wajawazito na wengine ambao daktari ataona hauwafai. Mmoja wa wanachama hao waliopoteza usikivu alipoonyeshwa ibara hiyo kwa maandishi, aliirudia kwa kidole mara tatu, kisha akaandika chini yake: "Basi wanaokuja watasikia." Karatasi hiyo nimeihifadhi kwenye jalada la chama.

Kuhusu utambuzi, mwongozo hauna utata. Mtu anayekohoa kwa wiki 2 au zaidi apimwe. Anayeishi na VVU apimwe hata kikohozi kikiwa cha siku moja. Na homa za jioni, kutokwa na jasho jingi usiku na kupungua uzito vihesabiwe pamoja na kikohozi. Kipimo cha kwanza kinachopendekezwa ni cha vinasaba, kama kile cha mashine ya GeneXpert, ambayo matumizi yake yaliidhinishwa na Shirika la Afya Duniani mwaka 2010 na ambayo, kwa muda usiozidi saa 2, huonyesha kama vimelea vipo na kama vina usugu dhidi ya rifampisini. Darubini bado ina kazi yake ya kufuatilia maendeleo ya mgonjwa aliye kwenye dawa. Hata hivyo tumekutana na watu ambao kikohozi chao kimetibiwa kwa antibayotiki mara ya tatu na ya nne bila kuombwa makohozi, wengine katika maduka ya dawa, na mmoja katika kituo cha afya ambacho hatukitaji, kwa kuwa tulikwenda kuzungumza nao na wakatusikiliza.

Kwa watoto ugumu ni wa namna nyingine, kwa sababu mtoto wa miaka 2 hajui kutoa makohozi, huyameza. Wengi wetu hatukujua kwamba sasa choo cha mtoto kinaweza kupimwa kwa mashine ileile. Mama mmoja wa Hai alipoelezwa jambo hilo na mhudumu wetu alinyamaza kidogo, kisha akauliza kama hatachekwa akipeleka choo cha mwanawe hospitali. Walikwenda pamoja, kikopo kikiwa kimefungwa ndani ya mfuko wa kaki, na majibu yakatoka siku ileile: mtoto alikuwa na kifua kikuu. Dawa alizopewa ni vidonge vinavyoyeyuka kwenye maji, vyenye ladha ya matunda. Zamani tulikuwa tunakata vidonge vya wakubwa kwa wembe na kukisia dozi. Tena tangu mwaka 2022 mwongozo wa dunia unaruhusu mtoto wa kuanzia miezi 3 hadi chini ya miaka 16, ambaye ugonjwa wake si mkali, atibiwe kwa miezi 4 badala ya 6, na utafiti ulioithibitisha njia hiyo ulifanyika Uganda, Zambia, Afrika Kusini na India.

Sasa naja kwenye kinga, na hapa naomba mnivumilie nikikaa kwa muda mrefu, kwa sababu kwa maoni yangu hii ndiyo sehemu ya mwongozo iliyoachwa nyuma kuliko zote. Chanjo ya BCG kila mzazi anaijua. Inawakinga watoto wadogo dhidi ya kifua kikuu kikali, hasa cha ubongo, lakini haimkingi sana mtu mzima. Kinachosahaulika ni kwamba anapogundulika mgonjwa mmoja wa mapafu, watu wote wanaoishi naye wanapaswa kuchunguzwa, na wale watakaoonekana hawana ugonjwa wapewe tiba kinga, yaani dawa za kuwazuia wasiugue. Hadi mwaka 2018 mkazo ulikuwa kwa watoto wa chini ya miaka 5 na kwa watu wanaoishi na VVU. Tangu hapo tiba kinga inaweza kutolewa kwa wanakaya wa rika zote. Si lazima tena mtu ameze isoniazidi kila siku kwa miezi 6, kwa maana upo mchanganyiko wa isoniazidi na rifapentini unaomezwa mara moja kwa wiki kwa wiki 12, yaani dozi 12 tu. Septemba mwaka huu Shirika la Afya Duniani limekwenda mbele zaidi likapendekeza levofloksasini ya miezi 6 kwa wanaoishi na mgonjwa wa kifua kikuu sugu, watu ambao kwa miaka yote walikuwa hawana dawa ya kuwakinga.

Na hali ikoje mitaani? Wahudumu wetu waliporuhusiwa na mratibu wa wilaya kufuatilia kaya za wagonjwa, walikuta mara kwa mara kwamba sehemu ya kuandika wanaoishi na mgonjwa ina jina moja au haina kitu. Katika nyumba moja karibu na machimbo, mgonjwa alikuwa ameandikwa anaishi peke yake. Ndani kulikuwa na mke, mama mkwe na watoto watatu, na wote walilala katika chumba kimoja chenye dirisha lililozibwa kwa gunia. Mume hakuwataja kwa sababu aliogopa watafukuzwa na mwenye nyumba. Mhudumu hakumgombeza. Alikaa nao jioni mbili, gunia likaondolewa, na watoto wakapelekwa kuchunguzwa kwanza kabla ya kupewa chochote. Utaratibu huo lazima ufuatwe, kwa sababu tiba kinga ni dozi hafifu kwa mtu ambaye tayari ni mgonjwa, na inaweza kuzaa usugu.

Ndugu wanaapolo, yaani wachimbaji wa madini, mlio katika mkutano huu, mwongozo unawataja ninyi waziwazi. Anayefanya kazi au aliyewahi kufanya kazi penye vumbi la silika, yaani vumbi la miamba, anapaswa kuchunguzwa kifua kikuu kwa utaratibu, hata kama hajisikii vibaya, kwa sababu vumbi lile hulichakaza pafu na kuvipa vimelea nafasi. Kuchoronga kwa maji hupunguza vumbi. Tuliwaandikia baadhi ya wamiliki wa mashimo kuhusu mambo haya mawili, na ni wachache waliotujibu. Sijaridhika, na kamati itawaandikia tena.

Jambo jingine tulilosimamia kwa nguvu ni neno "mtoro". Mwaka 2013 Shirika la Afya Duniani liliacha kumwita mgonjwa aliyekatisha dawa kwa jina la lawama, likawa linasema amepotea katika ufuatiliaji, na aliyepotea hutafutwa. Nchi yetu ina sababu ya pekee ya kulijali hili. Mpango wetu wa Taifa wa Kifua Kikuu na Ukoma ulioanza mwaka 1977, kwa ushauri wa mtaalamu wa kifua kikuu Dkt. Karel Styblo, ndio ulioionyesha dunia namna ya kumwandika kila mgonjwa na kumfuatilia hadi siku ya mwisho ya dawa. Dkt. Styblo naye aliwahi kuugua kifua kikuu, alichokipata akiwa mfungwa katika kambi ya mateso ya Wanazi ya Mauthausen. Nimefurahi kwamba vituo viwili tunavyoshirikiana navyo vimeanza kutumia maneno "mgonjwa wa kutafutwa".

Taarifa ya dunia iliyotolewa Oktoba inasema watu milioni 10.8 waliugua kifua kikuu mwaka 2023 na milioni 1.25 wakafariki dunia, ilhali wanaotumia tiba inayopendekezwa hupona kwa asilimia 85 au zaidi. Kwa hiyo kwa mwaka 2025 kamati inaomba idhini yenu kwa mambo matatu. La kwanza ni kila mhudumu kupewa daftari la kaya, ambamo majina ya wanaoishi na mgonjwa yataandikwa nyumbani kwa mgonjwa badala ya dirishani kituoni. La pili ni kuchapa maelezo ya tiba kinga kwa Kiswahili chepesi, na pia kuyatafsiri kwa Kimaasai kwa ajili ya ndugu zetu wa Simanjiro. La tatu ni kumwajiri mkalimani wa lugha ya alama kwa mikutano yetu, ili wenzetu waliopoteza usikivu wasiendelee kusubiri karatasi. Makadirio ya gharama anayo mhazini.

Naomba kuwasilisha.