Taarifa ya Mwenyekiti kwa Mkutano Mkuu wa Mwaka

Ndugu wanachama, asalaam aleikum na habari za mchana.

Mwaka huu tuliziweka kando santuri zetu za dansi na taarabu, tukafuatilia jinsi rokenroli ya Marekani ilivyowakamata vijana wa Uingereza. Wengi mlitaka tuanze na Elvis Presley. Mimi niliomba tuanze na sanduku.

Mwaka 1956 Lonnie Donegan alivuma Uingereza kwa "Rock Island Line", wimbo alioutoa kwa Lead Belly, Mmarekani mweusi. Muziki wake uliitwa skifle: gitaa, ubao wa kufulia unaokwaruzwa kwa kastabani vidoleni, na sanduku la chai lililofungwa kamba moja na mpini wa fagio. Ukivuta mpini, kamba inakaza, sauti inapanda. Wenzetu wa Unguja walilitambua papo hapo, maana ndilo sanduku la kidumbak, ngoma yao inayofanana na taarabu. Kijana asiye na kitu aliweza kupata bendi. John Lennon alianza hivyo na bendi yake ya Quarrymen, na tarehe 6 Julai 1957, kwenye sherehe ya kanisa huko Woolton, Liverpool, akakutana na Paul McCartney.

Kumbi zao zilikuwa vyumba vya chini ya ardhi. London kulikuwa na mgahawa wa kahawa wa 2i's. Klabu ya Cavern ya Liverpool ilifunguliwa Januari 1957 kwa ajili ya jazi, na rokenroli haikutakiwa kabisa. Kufika 1961 Beatles, bendi ya Lennon na McCartney, walikuwa wakipiga humo hata mchana, wafanyakazi wa maofisini wakija saa ya chakula, kuta zikitiririka maji kwa joto la watu.

Lakini kisa kinachonigusa zaidi ni cha Oktoba 1961, kituo cha treni cha Dartford. Keith Richards alimwona Mick Jagger amekumbatia santuri za Chuck Berry na Muddy Waters, Wamarekani weusi. Wakaanza kuongea. Juni 1964 walikuwa Chicago na bendi yao ya Rolling Stones, wakirekodi katika studio za kampuni ya santuri ya Chess, zilikotoka santuri zile. Sisi tunaoazimana santuri tunajua mazungumzo ya namna hiyo.

Kuhusu fedha: ada zimelipwa kwa kusuasua, na ukumbi tuliokuwa tukikodi ulipandishwa bei bila taarifa. Tangu hapo tunakutana sebuleni kwa Mweka Hazina. Tunamshukuru sana yeye na familia yake. Naomba mkutano huu uidhinishe tukodi chumba kidogo kila Jumamosi, vijana wetu wapige wenyewe. Sanduku tunalo, mpini ndio umevunjika.